Tulivyoikopesha Serikali

Ofisini kwetu Morogoro kulikuwa na madaftari mawili makubwa ya majalada magumu. La kwanza lilikuwa la wanaotudai, nalo lilijaa majina: mwenye kituo cha mafuta, wenye maduka ya vifaa vya ujenzi, tajiri wa greda la kukodi, fundi wa makalavati, mama lishe wa saiti. La pili lilikuwa la tunaowadai, na kwa miaka yote niliyolishika lilikuwa na mdaiwa mmoja tu mwenye majina mengi: halmashauri hii, wizara ile, wakala fulani. Mimi nilikuwa mhasibu. Ukiacha mishahara na mahesabu ya kodi, kazi yangu ilikuwa kuwaeleza watu wa daftari la kwanza kwa nini yule wa daftari la pili hajalipa.

Kampuni ilikuwa ya Mzee. Sote tulimwita hivyo, hata mkewe. Alikuwa mwashi aliyepanda taratibu. Bodi ya Usajili wa Makandarasi, iliyoanzishwa kwa sheria ya mwaka 1997, huwapanga wakandarasi kwa madaraja, la saba likiwa la chini kabisa na la kwanza la juu, na kila daraja chini ya la kwanza lina ukomo wa thamani ya kazi unayoruhusiwa kuchukua. Mzee alianzia la saba kwa vyoo vya shule na uzio wa zahanati. Nilipoajiriwa mwaka 2009 alikuwa ameshafika la tano na ametia mguu kwenye barabara. Ili upande daraja unaonyesha mitambo, wataalamu, kazi ulizomaliza na mtaji. Fomu ile haina mahali panapouliza unaweza kukaa miezi mingapi bila kulipwa ukaendelea kusimama. Kwa niliyoyaona, hilo ndilo swali lililowatenga wakandarasi waliodumu na wale waliopotea.

Kwa maandishi mambo yalikuwa mepesi. Unafanya kazi, unapimiwa, unaandika madai, msimamizi wa mradi anayathibitisha kwa hati ya malipo, mwajiri analipa ndani ya siku 28. Akichelewa, riba inaanza kuhesabiwa. Kwa mikataba mikubwa inayofuata masharti ya mwaka 1999 ya FIDIC, shirikisho la kimataifa la wahandisi washauri, mwajiri hupewa siku 56, na mkandarasi asiyelipwa anaweza kutoa notisi ya siku 21 kisha akasimamisha kazi. Vifungu hivyo nilivikariri. Mzee naye alivijua, ila alikuwa na kifungu chake ambacho hakikuandikwa popote: "Ukiigomea Serikali leo, umeigomea na zabuni ya kesho."

Safari yenyewe ya hati ilikuwa ndefu kuliko siku 28. Ilitoka saiti ikaenda kwa Mhandisi wa Wilaya, ambaye alitaka majibu ya maabara ya mshindilio wa udongo, picha, na vipimo alivyovihakiki mwenyewe. Ikapanda kwa Mkurugenzi, ikapata dokezo la mstari mmoja: Mweka Hazina, shughulikia. Kwa Mweka Hazina ndiko ilikokutana na ukweli. Kasma ya mradi inaweza kuwepo bila fedha. Bajeti iliyopitishwa na Bunge ni ruhusa ya kutumia. Fedha yenyewe hushuka kwa mafungu kadiri makusanyo yanavyopatikana, na mara nyingi hushuka pungufu au imechelewa. Mkandarasi amesaini kwa kuitazama bajeti, lakini analipwa kwa kilichoingia kwenye akaunti. Kati ya hivyo viwili ndipo tulipoishi.

Barabara zetu zilitegemea Mfuko wa Barabara, ulioundwa kwa sheria ya mwaka 1998 na kupewa chanzo chake maalumu, yaani tozo inayokatwa kwenye kila lita ya mafuta. Wakati ule asilimia 70 ya fedha za mfuko zilikwenda kwenye barabara kuu na za mikoa, na asilimia 30 zikaenda kwenye barabara za halmashauri. Mfumo ule niliuheshimu, kwa sababu ulikuwa na fedha za uhakika kuliko miradi mingine. Hata hivyo nilikuwa nikisaini ankara za dizeli nikijua kwamba ndani ya kila lita niliyokopa kulikuwa na tozo inayokwenda kwenye mfuko ule ule tunaotakiwa kulipwa nao. Tulikopa ili kuchangia malipo yetu wenyewe.

Halafu kulikuwa na tarehe 30 Juni. Mwaka wa fedha unapofungwa, fedha ambayo haijatumika huweza kurudishwa Hazina, na deni ambalo halijalipwa linakuwa kiporo cha mwaka unaofuata, ambao una bajeti yake na miradi yake mipya. Wiki ya mwisho ya Juni nilikuwa silali nyumbani. Wakandarasi wa mkoa mzima walikuwa kwenye makorido ya halmashauri, kila mmoja ameshika bahasha ya kaki, kila mmoja akiuliza kwa sauti ya chini kama saini ya mwisho imeshapatikana.

Nitaeleza mradi mmoja, kwa sababu humo yalikutana yote.

Ilikuwa barabara ya changarawe katika halmashauri moja ya mkoa wetu, mwaka wa fedha 2013/14, mkataba wa karibu shilingi milioni 400: kulima, kumwaga kifusi, kushindilia, kuchimba mitaro, na kuweka makalavati kwenye mikondo ya maji. Siku ya kusaini kulikuwa na soda, hotuba na picha. Tukirudi, nyapara wetu, mtu mzima aliyezeekea kwenye saiti, akaniambia ndani ya gari, "Kukopa harusi, kulipa matanga." Nikamkumbusha kwamba siku ile hatukuwa tumekopa kitu. Akacheka. "Sisi hatujakopa, mhasibu. Wao ndio wamekopa."

Kazi ilipangwa kuanza Agosti, kiangazi kikiwa bado kirefu. Mkataba ukasainiwa Desemba, kwa sababu fedha ya robo ya kwanza ilichelewa kushuka. Malipo ya awali ya asilimia 15 yalihitaji dhamana ya benki, na benki ilihitaji mali isiyohamishika. Bodi ya Usajili ina mfuko wa kuwasaidia wakandarasi wadogo kupata dhamana, na umewaokoa wengi, lakini kiasi chake kina kikomo. Mzee akapeleka benki hati ya nyumba yake ya Kihonda. Mkewe alisaini bila neno, akauliza jambo moja tu: "Na wao wameweka rehani nini?"

Machi masika ikaanza. Kwenye korongo moja, michoro ilionyesha mstari mmoja wa mabomba. Mvua ya usiku mmoja ikakata tuta tulilolishindilia, na vijiji vya ng'ambo vikabaki kisiwani. Mhandisi akaja na mabuti, akasimama kwenye tope, akatazama maji, kisha akasema, "Wekeni mistari mitatu, na mawe pembeni. Kule kuna wajawazito, siwezi kusubiri kikao." Akaandika agizo kwenye daftari la saiti na kulitia saini. Mzee akakopa mabomba na saruji, tukafanya kazi. Maji yakapita, magari yakapita.

Kwa taratibu za manunuzi, kazi ya nyongeza inayobadili thamani ya mkataba inatakiwa ipate idhini ya bodi ya zabuni. Mhandisi alikusudia kuiombea idhini baadaye. Kabla hajafanya hivyo akahamishwa mkoa mwingine. Mwenzake aliyekuja akafungua faili, akapekua, akatuambia kwa adabu kabisa: "Mabomba nimeyaona kwa macho. Barua ya idhini sijaiona." Mkaguzi wa ndani naye akaandika hoja. Kuanzia hapo tukawa na mgogoro wa ajabu: hakuna aliyebisha kwamba mistari mitatu ipo, halmashauri ilikuwa ikiitumia kila siku, lakini kwa mujibu wa faili korongo lile lilikuwa na mstari mmoja, na ndio uliostahili kulipwa.

Nitawatendea haki watu wa upande ule. Mhandisi yule mpya hakuwa mtu mbaya. Angesaini malipo yasiyo na idhini, hoja ya ukaguzi ingemfuata yeye binafsi, na pengine mshahara wake ungekatwa. Hofu yao nayo ilikuwa na msingi. Nimewaona wakandarasi wakidai kifusi cha sentimita 15 kumbe kwenye barabara kuna sentimita 9. Nimewaona wakileta picha za kalavati moja zilizopigwa pande mbili kuwa makalavati mawili. Kila udanganyifu wa mwenzetu mmoja ulizaa saini nyingine ya uhakiki, na saini ile ilimkuta mwenye kazi halali akiwa tayari amekopa.

Wakati mgogoro wa mabomba ukisubiri, hata sehemu isiyobishaniwa haikulipwa kwa wakati. Hati ya kwanza ililipwa. Ya pili ililipwa nusu. Ya tatu ikaingia mwaka mwingine wa fedha. Juu ya hayo, kwenye kila malipo ilikatwa asilimia 10 na kushikiliwa: nusu ya makato hayo hutolewa kazi inapokabidhiwa, nusu baada ya kipindi cha matazamio, mwaka mzima baadaye. Faida ya barabara ya changarawe, mambo yakienda vizuri, haizidi sana asilimia hiyo. Kwa hiyo hata pale tulipolipwa, tulilipwa gharama. Faida ilibaki kwao.

Benki haikuwa na mwaka mwingine wa fedha. Mkopo wetu ulikuwa wa asilimia 19 kwa mwaka, na riba ilikatwa kila mwisho wa mwezi bila dokezo wala kikao. Kodi ya ongezeko la thamani nayo, asilimia 18, hufuata ankara. Haisubiri fedha iingie. Ukishatoa ankara kwa halmashauri, sheria inakuhesabu kwamba umeuza, na mwezi unaofuata unatakiwa upeleke kodi ya fedha ambayo hujaishika. Tukawa tunaidai Serikali kwa mkono mmoja na kuilipa kodi ya deni hilo hilo kwa mkono mwingine, tena kwa fedha ya mkopo.

Mzee alipobanwa na benki, alimbana mwenye duka la vifaa. Mwenye duka akaacha kutukopesha saruji, kisha akaanza kunipigia simu alfajiri. Tajiri wa greda akaliondoa greda lake saiti Jumapili, wakati nyapara yuko kanisani. Vibarua wakapunguzwa, na waliobaki wakalipwa nusu nusu. Vibarua walikula kwa mama lishe kwa daftari, kwa makubaliano kwamba ofisi italipa mwisho wa mwezi. Daftari lake lilikuwa la shule, la kurasa 40, lenye vijiti: kijiti kimoja sahani moja ya wali maharage, kijiti cha mlalo nyama.

Alikuja mjini mwenyewe, na daftari limefungwa kwenye kanga. Nikampa kiti, nikamwamkia, nikaanza kumweleza habari za kasma na robo ya tatu. Akanisikiliza mpaka mwisho. Kisha akasema, "Mwanangu, mimi Serikali siijui. Nakujua wewe. Wewe ndiye uliyesema wale wapewe chakula."

Nilimlipa sehemu kutoka fedha ndogo ya ofisi. Lakini maneno yake yalinikalia, kwa sababu yalinyoosha jambo ambalo mahesabu yangu yalikuwa yakilizungusha. Halmashauri ilikuwa imepata barabara bila kulipa. Fedha ya barabara ile lazima ilitoka mahali, kwani mawe hayajibebi na dizeli haijimwagi. Ilitoka benki, ikatoka dukani, ikatoka kwa vibarua, na mwisho kabisa ilitoka kwenye gunia la mchele la mwanamke ambaye hakusaini mkataba wowote na ambaye hakuna kifungu cha FIDIC kinachomtaja. Kila aliyekuwa na nguvu alimsukumia uzito wa kungoja aliye chini yake, mpaka ukafika kwa asiye na wa kumsukumia.

Nje ya ofisi ya Mweka Hazina kulikuwa na benchi refu la mbao, na hapo ndipo nilipojifunza siasa ya malipo. Kwa nje majibu yalikuwa yale yale: fedha hazijashuka, mfumo uko chini, bosi yuko kikaoni Dodoma. Lakini wakongwe wa benchi waliyasoma kwa undani. Fedha hazijashuka, ikisemwa na karani, ilikuwa huenda kweli. Ikisemwa na mtu anayekutazama machoni na kusita, ilikuwa mwaliko. Fedha inaposhuka pungufu na wanaodai ni wengi, lazima mtu aamue nani aanze kulipwa, na uamuzi huo haukuwa na kanuni tuliyowahi kuonyeshwa. Foleni isiyojulikana ina bei yake. Siku moja mtu mmoja, ambaye hata kazi yake pale sikuielewa vizuri, alikaa karibu nami akasema faili letu ni zito, halitembei bila mafuta. Mzee alikataa. Alisema faida yenyewe iko kwao, atatoa mafuta wapi? Sijui kama tungekuwa na faida mkononi angekataa kwa wepesi ule.

Kwenye benchi lile hapakuwa na kampuni za kigeni. Zenyewe zilifanya kazi kubwa, nyingine zikiwa na fedha za wafadhili, na zilikuwa na benki za kwao za kuziegemea. Serikali ikichelewa kulipa, kampuni ya namna hiyo hupata hasara kwenye vitabu vyake. Kampuni ya daraja la tano hupoteza greda.

Tulikwenda kwa wakili. Alisoma mkataba, akamsifu Mzee kwa kutunza daftari la saiti, akasema kesi ni nzuri. Halafu akaeleza njia yake. Kwanza msuluhishi aliyetajwa kwenye mkataba. Asiyeridhika aende kwa mwamuzi, na Baraza la Taifa la Ujenzi lina utaratibu wa kusaidia kumpata. Mwamuzi hulipwa, na kwa kawaida hutaka amana kabla ya kufungua faili. Mkishinda, tuzo hupelekwa mahakamani ipate nguvu ya hukumu. "Sasa, mzee wangu," akasema, "ukishaipata hukumu, utakamata nini? Gari la wagonjwa? Madawati?"

Sheria ya mashauri dhidi ya Serikali ya mwaka 1967 inataka notisi ya siku 90 kabla ya kufungua kesi, na hairuhusu mali ya Serikali kukamatwa ili kutimiza hukumu; mshindi hupewa hati ya kuthibitisha deni, kisha husubiri Serikali ilipe. Baadaye, kwa marekebisho ya mwaka 2020, halmashauri na taasisi nyingine nyingi za umma ziliingizwa wazi chini ya utaratibu huo huo. Sababu yake inaeleweka: hospitali haiwezi kufungwa kwa sababu ya deni la mabomba. Lakini kinga ile haikuambatana na mlango mwingine wa kumfikisha mdai kwenye fedha yake. Mshindi anarudi kwenye benchi, sasa akiwa na karatasi moja zaidi.

Agosti 2017 nchi nzima ilijifunza kwamba mlango mwingine upo, ila uko mbali. Tundu Lissu, wakati huo mbunge wa Singida Mashariki, alitangaza kwamba ndege ya Bombardier Q400 iliyokuwa ikisubiriwa kwa ajili ya Air Tanzania imezuiliwa Canada. Aliyeizuia ni kampuni ya ujenzi ya Stirling, iliyokuwa ikidai takriban dola milioni 38. Chanzo chake kilikuwa mkataba wa barabara kutoka Wazo kwenda Bagamoyo, uliovunjwa miaka mingi nyuma, ukaenda kwa waamuzi wa kimataifa, na riba ikaendelea kukua. Ndege ile iliwasili nchini Aprili 2018.

Mjini watu waligombana kama Lissu ni mzalendo au la. Sisi wa benchi tulizungumza jambo jingine. Barabara ile tuliijua. Ni kilomita chache tu kaskazini mwa Dar es Salaam. Aliyeijenga alikuwa na kifungu cha uamuzi wa kimataifa kwenye mkataba wake, akaweza kwenda kwenye mahakama ambayo kinga ya Dodoma haifiki, akakamata ndege. Mkandarasi wa Morogoro mwenye madai halali vilevile hawezi kukamata hata toroli. Mzee hakufurahia ndege kuzuiliwa. Alikuwa mtu wa kupenda nchi yake kwa namna ya kizamani. Alichosema ni kwamba kumbe riba hulipwa, ila hulipwa kwa anayeweza kuumiza.

Lakini nimetangulia. Kati ya barabara yetu na ndege ile ulipita uchaguzi wa Oktoba 2015. Dkt. John Magufuli, aliyekuwa Waziri wa Ujenzi, akawa Rais. Wakandarasi walimjua vizuri: alikuwa akikariri urefu wa barabara na majina ya kampuni, na alikuwa na tabia ya kuzifokea hadharani zilizochelewesha kazi. Wengi wetu tulitumaini kwamba anayejua upande ule wa kazi angejua pia upande wa malipo. Kilichofuata kwanza kilikuwa uhakiki. Serikali iliamua kuhakiki madeni yote kabla ya kulipa: ya watumishi, ya wazabuni, ya wakandarasi. Nilirudufu kila karatasi tuliyokuwa nayo, kuanzia barua ya ushindi wa zabuni hadi risiti za saruji, nikapeleka majalada yaliyojaza boksi. Wakaguzi walienda korongoni, wakahesabu mabomba. Walikuwa watu wa kwanza kuandika kwenye karatasi ya Serikali kwamba yako mistari mitatu.

Uhakiki ulikuwa wa haki, na ulikuwa wa polepole. Wenzetu wa Kenya baadaye walipita njia hiyo hiyo: mwaka 2023 Serikali yao iliunda kamati ya kuhakiki madai yasiyolipwa yaliyoanzia mwaka 2005. Mtu aliyefanya kazi mwaka 2005 akihakikiwa mwaka 2023, anayehitaji kuhakikiwa kwa kweli ni kama bado yuko hai na kampuni yake bado ina mlango.

Wakati tunasubiri, kazi zenyewe zikahama. Ujenzi wa madarasa, zahanati na vituo vya afya uliingia zaidi kwenye utaratibu wa kutumia mafundi wa kijiji chini ya kamati, vifaa vikinunuliwa na halmashauri au shule yenyewe. Kwa jengo dogo uliokoa fedha, nami nisingekuwa mkweli nikikana. Kwa kampuni ya daraja la saba, zile zahanati na vyoo vilikuwa ndiyo ngazi ya kwanza, na ngazi ikaondolewa. Julai 2017 barabara za wilaya nazo zikatoka mikononi mwa halmashauri zikaenda TARURA, wakala mpya wa barabara za vijijini na mijini. Mhandisi tuliyemzoea, masijala tuliyoijua, hata benchi, vyote vikabadilika.

Sisi tulikuwa tumelipwa kabla ya hapo, mwishoni mwa 2016. Ilikuwa fedha yote ya kazi iliyomo kwenye mkataba, na sehemu ya mabomba ya nyongeza. Riba haikuwemo. Nilikuwa nimeiandika kwa uangalifu, hati kwa hati, siku kwa siku, na ilikuwa imefika kiasi cha kuweza kununua boza la maji. Kabla ya fedha kutoka tuliletewa barua ya kusaini, inayosema kwamba kwa malipo yale kampuni haitakuwa na madai mengine yoyote kuhusu mradi. Mzee aliisoma mara mbili, akaniuliza benki inadai kiasi gani mpaka siku ile. Nikamwambia. Akaazima kalamu yangu. Nyumba ya Kihonda ikaokoka. Mama lishe alilipwa vijiti vyake vyote, bila riba naye, kwa kuwa sisi pia hatukuwa nayo ya kumpa.

Ripoti za Mdhibiti na Mkaguzi Mkuu wa Hesabu za Serikali zimetaja mara kwa mara mamilioni na mabilioni yanayopotea kwa kulipa riba kwa wakandarasi waliocheleweshewa malipo, nazo huyaita matumizi yasiyo na tija. Ni kweli. Ila riba inayoonekana kwenye ripoti ni ile iliyodaiwa na kulipwa, aghalabu kwenye mikataba mikubwa. Iliyosamehewa kwa barua za namna ya kwetu haimo. Na sijawahi kuamini kwamba riba ile ya kwetu ilipotea hivi hivi.

Kwa zabuni iliyofuata, Mzee aliniita nikiwa naandaa bei. Tukapitia kifusi, usafiri, mshindilio, mitaro. Tulipomaliza akasema, "Sasa weka na ya kungojea." Nilikokotoa riba ya benki kwa kipindi ambacho tulizoea kulipwa, nikaigawa ndani ya kila mita ya ujazo ya kifusi na kila mita ya mtaro. Hakuna mstari ulioitwa kungojea. Ulikuwa umeenea kote, na hakuna mtathmini ambaye angeweza kuuona. Bei ziliposomwa hadharani, nilisikiliza za wenzetu wote waliokuwa wamekaa nasi benchini. Zilikuwa zimepanda vilevile. Kampuni moja tu ilikuwa chini sana, ya vijana waliosajiliwa juzi, nao ndio waliopewa kazi. Hawakuwa wameweka ya kungojea. Walikwama mwaka uliofuata, barabara ikiwa nusu.

Kwa hiyo Serikali hulipa kuchelewa kwake kwa njia mbili: kwa bei iliyovimba ya anayejua, au kwa kazi iliyoachwa njiani na asiyejua. Bajeti ya barabara ya wilaya haiongezeki kwa sababu bei zimepanda. Kinachopungua ni urefu wa barabara. Ile riba ambayo halmashauri ilikataa kutulipa mwaka 2016, wananchi wake wanaendelea kuilipa, na wanailipa kwa kilomita.